Mzee, Hati au Jembe: Uanzie Wapi Ukitaka Kuandika Historia ya Mji Wako?

Kilwa Kisiwani wana hadithi ya nguo. Ali, mtoto wa mfalme wa Shirazi huko Uajemi, alifika kwa jahazi akakuta kisiwa kina mwenyewe. Akaomba auziwe. Mwenyeji akataja bei yake: nguo za kutandaza mpaka kisiwa kizunguke chote. Ali akatandaza, mwenyeji akazikusanya akavuka nazo kwenda bara, na tangu siku hiyo kisiwa kikawa na mfalme mwingine.

Hakuna aliyeandika juu ya Kilwa bila kukutana na nguo hizo. Wapo walioziamini uzi kwa uzi. Wapo waliozitupa pembeni kama ngano ya kulazia watoto. Na wapo walioshika mwiko na brashi wakafukua ardhi, waone kilichokuwapo kabla nguo hazijatandazwa.

Vijana wanaotaka kuandika historia ya mji wao au ukoo wao huniuliza waanzie wapi, nami jibu la jumla silipendi, kwa sababu halimsaidii mtu. Njia ziko tatu: kuketi na wazee, kwenda kwenye maandishi, au kufuata waliochimba. Tuchukue mji mmoja, Kilwa, tuziulize njia zote tatu maswali yaleyale. Tuone ipi inajibu na ipi inanyamaza.

Nani alianzisha mji, na lini?

Maandishi yanajibu haraka kuliko wote, na kwa sauti ya kujiamini. Tarikh ya Kilwa, yaani habari za mji na wafalme wake, imetufikia kwa mikono miwili. Mmoja ni wa João de Barros, Mreno aliyechapisha sehemu ya kwanza ya kitabu chake mwaka 1552. Wa pili ni wa Kiarabu, Kitab al-Sulwa fi akhbar Kulwa, kilichotungwa karne ya 16. Nakala tuliyonayo ilinakiliwa Unguja mwaka 1877, Sayyid Barghash, Sultani wa Zanzibar, akampa John Kirk, mwakilishi wa Uingereza, na leo imo katika maktaba ya taifa huko London. Kati ya utungaji na nakala kuna zaidi ya miaka 300, na katika miaka hiyo mnakili mmoja tu akiruka mstari, mfalme mzima anapotea.

Kuna simulizi ya tatu, ya Kiswahili, iliyochapwa na Mjerumani Carl Velten mwaka 1907. Hii imekaa karibu zaidi na vinywa vya watu wa Kilwa wenyewe. Sasa ziweke zote tatu mezani, usitazame nguo, maana nguo zimo mote. Mtazame mwanamke.

Katika kitabu cha Kiarabu, anayeondoka Shirazi ni mfalme na wanawe sita katika majahazi saba. Kisiwa kinanunuliwa, kivuko cha wakati wa maji kupwa kinachimbwa ili mwenyeji asirudi na jeshi, na utawala unashuka kwa baba na wana. Katika maandishi ya Barros, Ali anaondoka kwao kwa sababu ndugu zake wanamdharau: mama yao ni wa kabila la wafalme wa Uajemi, mama yake yeye ni mtumwa Mhabeshi. Na katika simulizi ya Kiswahili, Ali anamkuta mzee Mrimba, anamwoa bintiye, na ni baada ya kuwa mkwe ndipo habari ya nguo inapokuja. Mtoto anazaliwa. Anapokuwa mtu mzima anavuka kwenda bara kumtembelea babu yake mzaa mama, na babu anamkabidhi madaraka yake.

Mimi huona hapo ndipo penye historia. Mwandishi wa Kiarabu alikuwa na haja ya kuonyesha haki iliyonunuliwa na nasaba iliyotoka ng'ambo. Msimulizi wa Kiswahili alikuwa na haja nyingine: kuonyesha kwamba mfalme wa Kilwa ni mjukuu wa wenye nchi, na kwamba nchi aliipata kwa mama. Kusini mwa Tanzania wapo Wamwera, Wamakonde na Wayao wanaohesabu ukoo kwa upande wa mama, na msikilizaji wa huko haambiwi mara mbili maana ya babu mzaa mama kukabidhi mamlaka. Ukichagua nakala moja ukaiita ndiyo ya kweli, nyingine ukaziita zimeharibika, umeitupa nusu ya ulichokuwa unatafuta.

Waliochimba wanasemaje? Neville Chittick, aliyekuwa mhifadhi wa mambo ya kale wa Tanganyika kisha mkurugenzi wa taasisi ya Waingereza ya utafiti jijini Nairobi, alifanya kazi Kilwa tangu mwishoni mwa miaka ya 1950 hadi katikati ya miaka ya 1960, akachapisha majalada mawili mwaka 1974. Chini kabisa alikuta watu. Kabla ya mwaka 1000, kabla ya mfalme yeyote wa tarikh, Kilwa palikuwa na nyumba za miti na udongo, wavuvi, wafinyanzi wa vyungu vya pwani hii, na wafua chuma. Mzee Mrimba, kama jina lake lilikuwa hilo au lingine, ana nyumba yake katika tabaka la udongo.

Kuhusu mwaka, maandishi yalishindwa peke yake. Waliohesabu kurudi nyuma kwa miaka ya utawala wa kila mfalme waliweka kuja kwa Ali katika karne ya 10. Chittick aliangalia tabaka zenye sarafu za Ali bin al-Hasan, aliyemhesabu kuwa ndiye Ali wa simulizi, akasema hapana, ni mwishoni mwa karne ya 12. Akaongeza kwamba wageni hao huenda walitoka pwani ya Banadiri, Somalia, na si Uajemi moja kwa moja. Ikakaa hivyo hadi mwaka 1984, ilipofukuliwa akiba ya sarafu huko Mtambwe Mkuu, Pemba: za fedha zaidi ya 2,000, pamoja na dinari za dhahabu za Kifatimi, watawala wa Misri, zenye miaka yake, za mwisho zikiwa za miaka ya 1060. Za Ali bin al-Hasan zilikuwamo. Wataalamu wengi wakamrudisha Ali karne ya 11. Tazama ajabu hiyo: mfalme wa Kilwa amepata tarehe yake kutoka Pemba.

Kisha mwaka 2023 yakachapishwa matokeo ya vinasaba vya watu 80 waliozikwa pwani na jirani zake kati ya takriban mwaka 1250 na 1800. Asili ya Kiafrika ilitoka zaidi kwa wanawake, na asili ya Kiajemi ilitoka zaidi kwa wanaume, kuchanganyika kukianza kiasi cha mwaka 1000. Wengine walishangaa. Aliyekuwa ameisikiliza simulizi ya Mrimba na bintiye hakuwa na sababu kubwa ya kushangaa.

Lakini tusikimbie. Vinasaba vinasema wazazi walitoka wapi. Havisemi ndoa ilikuwa ya namna gani, wala nani alimtawala nani, wala mtu alijiita nani. Tena waliozikwa karibu na misikiti ya mawe hawakuwa mji wote.

Kwa swali hili, basi, ukilazimika kuchagua njia moja kwa ajili ya mwaka, chagua ardhi. Kwa ajili ya nani alidai nini na kwa nini, chagua simulizi, na uzikusanye zote.

Watu waliishi vipi?

Hapa sichelewi: ardhi inashinda. Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331, zama za Sultani al-Hasan bin Sulaiman aliyeitwa Abu al-Mawahib, baba wa vipawa. Alimsifu kwa ukarimu, akausifu mji kwa uzuri, na maandishi yake yanasema nyumba ni za mbao. Sultani huyohuyo ndiye aliyejenga Husuni Kubwa, jumba la mawe ya matumbawe lenye vyumba zaidi ya 100 juu ya jabali la bahari, na ndiye anayehesabiwa kuupanua Msikiti Mkuu. Je, msafiri alidanganya? Sidhani. Kitabu chake kilisimuliwa na kuandikwa zaidi ya miaka 20 baada ya safari, na mtu akipita siku chache hubaki na picha ya mitaa aliyopita. Watu wengi wa Kilwa waliishi katika nyumba za miti na udongo, ambazo ukitembelea magofu leo hutaziona, kwa kuwa zilikwisha zamani.

Ndiyo maana magofu nayo yanaweza kutupotosha. Kwa muda mrefu wachimbaji walifuata kuta. Walioacha kuta wakachimba viwanja vitupu, kama ilivyofanyika Songo Mnara, kisiwa jirani, miaka ya karibuni, walianza kuona mahali pa kazi, pa kufua, pa kupikia, pa kukusanyika makaburini. Mapishi ya mwanamke wa karne ya 14 hayamo katika tarikh yoyote. Yamo katika masizi ya chungu, magamba ya samaki na punje zilizoungua.

Mzee wa leo hawezi kukusaidia sana juu ya mwaka 1331, na usimlazimishe. Anaweza kukusaidia kwa jambo jingine: jina la chombo, jinsi ya kuchoma chokaa ya matumbawe, kwa nini mlango umeelekezwa upande ule. Mchimbaji mwenye akili hukaa naye kabla ya kuinua jembe.

Yale ambayo mji hautaki kuyasema

Swali hili ndilo gumu, nami ndilo ninalolijali zaidi.

Septemba 1776 Sultani wa Kilwa alitia saini mkataba na mfanyabiashara Mfaransa, Morice, wa kumpa watumwa 1,000 kila mwaka. Karne iliyofuata, Kilwa Kivinje, mji wa upande wa bara, ikawa mlango mkubwa wa misafara kutoka upande wa Ziwa Nyasa. Haya yameandikwa, yana tarehe, yana bei. Kaa sasa na wazee uwaulize. Utasikia habari za pembe, za nguo, za mashehe, za ukoo uliotoka Hadhramaut au Shirazi. Habari ya bibi aliyefika kwa miguu akiwa amefungwa haitatoka, au itatoka kwa sauti ya chini baada ya ziara ya tano, kinasa sauti kikiwa kimezimwa.

Sisemi wazee wanadanganya. Wanalinda. Mtu ambaye bibi yake aliwahi kuuzwa bado anaweza kunyimwa mke au kusimangwa msibani. Kwa hiyo kama kazi yako ni juu ya utumwa, anzia kwenye hati, ili ujue cha kuuliza na wapi pa kutouliza mbele za watu. Na ukiambiwa siri, muulize aliyekuambia kama ruhusa ya kuandika ipo. Akikataa, acha. Mwanahistoria haibi.

Lakini hati nazo zina kosa lake. Zinahesabu vichwa, hazitaji majina. Mkataba wa 1776 unajua bei ya mtu, haujui mtu huyo alimwita nani alipolia. Zipo simulizi chache za waliopita njia hiyo, zilizoandikwa na wamisionari karne ya 19, ambamo sauti ya mtoto aliyetekwa inasikika. Ila zilipita kwenye kalamu ya padri aliyetaka wafadhili wa Ulaya waguswe. Zisome, na kila ukurasa ujiulize: hili ni la mtoto au la padri?

Na usidhani kila hati ya zamani iliandikwa na mgeni. Barua za Kiswahili za zamani zaidi zinazojulikana ziliandikwa Kilwa mwaka 1711, kwa herufi za Kiarabu. Ziko katika hifadhi ya nyaraka ya Goa, India, kwa sababu waliopelekewa walikuwa Wareno wa Msumbiji na washirika wao. Watu wa Kilwa walikuwa wanajiandikia wenyewe mambo ya siasa yao kwa lugha yetu, karibu karne mbili kabla ya shule ya Mjerumani. Kijana wa pwani aliyepita chuo cha Kurani na kuzisoma herufi hizo ana mtaji ambao profesa wengi wa Ulaya wameusotea miaka. Autumie.

Majimaji: wazee walipoligeuza somo

Kuna wanaodhani simulizi ni njia ya mtu asiye na hati. Nawapeleka milima ya Matumbi, wilaya hiihii ya Kilwa. Nandete, Julai 1905, watu waling'oa pamba waliyolazimishwa kulima, na vita vya Majimaji dhidi ya Wajerumani vikaanza. Kinjikitile wa Ngarambe, mganga aliyegawa maji ya kuwakinga watu na risasi, alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti mwaka huo. Gavana wa Kijerumani, Götzen, aliandika kitabu chake mwenyewe juu ya vita hivyo, kikachapishwa mwaka 1909, na katika maandishi ya upande huo waganga na ushirikina ndio wenye lawama kubwa. Mtu aliyesoma hati za ofisi peke yake angeondoka na hayo.

Mwaka 1968 wanafunzi wa historia wa chuo kikuu, Dar es Salaam, walitawanyika vijijini na madaftari. Waliokuwa watoto mwaka 1905 walikuwa na miaka 70 na kupanda. Wakaeleza kuhusu kulima pamba kwa lazima, malipo yasiyolipa, viboko, maakida waliomtumikia Mjerumani, na juu ya maji yenyewe: yalifikaje kijiji kwa kijiji, nani aliyaamini na nani hakuyaamini. Somo likageuka. Uasi wa washirikina ukawa vita vya watu wenye sababu.

Kisha somo likageuka tena, na hili ni la kuzingatia. Nchi ilikuwa changa, na kilichotafutwa mwaka 1968 kilikuwa mizizi ya umoja wa taifa. Anayekwenda kwa mzee na swali la umoja hurudi na jibu la umoja. Wanahistoria wa baadaye waliporudi kwenye makaratasi yaleyale na kwenye vijiji vingine, waliona pia ugomvi wa zamani kati ya koo na majirani, hasira za wanawake na vijana, chuki juu ya misitu na wanyamapori vilivyofungiwa, na maeneo yaliyopigana kwa sababu zake yenyewe. Hawakuifuta kazi ya 1968. Waliweza kuisahihisha kwa sababu ilihifadhiwa. Kama wale wanafunzi wangeandika vitabu tu wakayatupa madaftari, tusingejua msimulizi alisema nini na mwandishi aliongeza nini.

Watu wetu wanalijua jambo hili tangu madrasa. Hadithi ya Mtume bila isnadi haikubaliki. Lazima ujue fulani kapokea kwa fulani. Mfanyie mzee wako vivyo hivyo. Andika: kasema nani, kasikia kwa nani, mwaka gani, akiwa wapi, mbele ya nani, kwa lugha gani. Na maneno yake yaache yalivyo, hata pale Kingindo au Kimatumbi kinapoingilia Kiswahili. Tafsiri ije chini yake, isije mahali pake.

Gharama

Uchimbaji haupo mikononi mwa mtu binafsi. Sheria ya mambo ya kale ya mwaka 1964 inataka leseni, utafiti unataka kibali cha COSTECH, tume ya sayansi na teknolojia, na kuna maabara za kulipa. Kijana akichimba uani kwa jembe la babu yake ili apate sarafu, anavunja sheria na anaharibu ushahidi kwa pamoja: sarafu iliyotolewa kwenye tabaka lake haisemi tena mwaka. Ukiokota kigae au sarafu, piga picha, acha pale, toa taarifa. Njia hii kwako ni ya kusoma ripoti za waliochimba, na si kazi nyepesi, maana nyingi ni za Kiingereza na ni ghali.

Nyaraka ziko Dar es Salaam katika Nyaraka za Taifa na Unguja katika hifadhi ya Kilimani. Gharama yake ni nauli, siku nyingi za kukaa, na macho. Majalada ya Kijerumani mengi yameandikwa kwa mwandiko wa zamani ambao hata Mjerumani wa leo husoma kwa taabu. Usiende bila swali. Utazama katika makaratasi. Nenda na jina la kijiji na miaka mitano tu ya kutafuta.

Wazee wanagharimu nauli ya bodaboda, sukari na majani ya chai ya kubeba mkononi, na subira. Simu yako inarekodi vizuri kuliko vyombo vya 1968. Hifadhi nakala mahali pasipopungua pawili, na moja ibaki kwa familia yenyewe.

Kwa hiyo chaguo langu, ukiniuliza, si la heshima ya chanzo. Sarafu ya Mtambwe ilikaa ardhini miaka 900 na ingeweza kukaa zaidi. Barua za 1711 ziko kabatini Goa, zinakungoja. Aliyehamishwa na Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970 akiwa na miaka 30 sasa amepita 80, na aliyeuona mji wako kabla ya uhuru akiwa mtu mzima amezidi huko. Anza na huyo, hata kama swali lako kubwa ni la karne ya 14. Hati zije za pili, ziyapime aliyosema na zikuonyeshe aliyoyaruka. Ripoti za wachimbaji zije za tatu, isipokuwa swali lako ni la mwaka wa kuanza kwa mji, hapo zitangulie.

Ukifika kwake, atakuhesabia baba hadi baba, mpaka atakapochoka. Mwache amalize. Kisha muulize mama yake alitoka wapi, na shamba alilolima alipewa na nani.